Barua kutoka Berlin: Kuhamishwa Uzeeni



Berlin ni mji wa wapangaji. Katika kila kaya kumi, zaidi ya nane zinaishi katika nyumba ya kupanga, na karibu nusu ya kaya zote zina mtu mmoja tu. Miongoni mwao wamo wazee waliofiwa na wenzi wao, watoto wao wanatafuta riziki Hamburg au Munich, na fleti wanamoishi waliingia kabla Ukuta wa Berlin haujaanguka mwaka 1989.

Mzee wa namna hiyo ana mkataba wa zamani wenye kodi nafuu, na unafuu huo ndio unaomponza. Jengo linapouzwa fleti moja moja, iliyo tupu hupata bei nzuri kuliko yenye mtu ndani. Ndipo barua zinapoanza. Ya kwanza huwa ya upole, inaahidi pesa kidogo za kuhamia. Halafu huja ukarabati usiokwisha, majukwaa ya mafundi yakiziba madirisha. Mwisho hufika notisi: mwenye nyumba anaihitaji fleti kwa matumizi yake au ya jamaa zake.

Sheria ya Ujerumani inaruhusu hilo, ila kwa mipaka. Mpangaji aliyekaa zaidi ya miaka minane hupewa notisi ya miezi tisa. Ikiwa jengo liligeuzwa kuwa fleti za kuuzwa yeye akiwa tayari ndani, mnunuzi hapa Berlin hungoja miaka kumi kabla ya kuidai fleti kwa matumizi yake. Tena kifungu cha 574 cha Sheria ya Madai kinamruhusu mpangaji kupinga notisi kama kuhama kutamtia katika taabu inayozidi haja ya mwenye nyumba.

Kifungu hicho kilimwokoa mama mmoja aliyezaliwa mwaka 1932, lakini baada ya mvutano mrefu. Yeye na mumewe walipanga fleti Berlin mwaka 1997. Notisi ikaja mwaka 2015. Mwezi Machi 2019, mahakama ya mkoa ya Berlin ilisema uzee wenyewe watosha: kumng'oa mtu wa umri huo ni kugusa utu wake. Mwenye nyumba akakata rufaa. Februari 2021, Mahakama Kuu ya Shirikisho mjini Karlsruhe ikaitengua hukumu hiyo. Kwa maoni ya majaji, umri peke yake si hoja, kwa sababu wazee hawafanani. Lazima kupimwe afya ya mtu na kina cha mizizi yake mahali hapo. Kesi ikarudi Berlin, na Mei mwaka huohuo mahakama ikaamua kwamba mama abaki.

Miaka sita ilipita tangu notisi ile. Kijana huweza kuihesabu miaka sita ya kesi kuwa usumbufu. Kwa mtu aliyeipokea barua akiwa na zaidi ya miaka themanini, huo ni uzee wenyewe ukiliwa na hofu.

Wengine hawakupata hukumu kama hiyo. Aprili 2013, mwanamke wa miaka 67, mgonjwa na mwenye malimbikizo ya kodi, alitolewa katika fleti yake mtaa wa Reinickendorf, polisi wakilinda zoezi huku waandamanaji wakipinga. Siku mbili baadaye alifariki katika makao ya dharura ya wasio na nyumba. Kisa chake kimo katika filamu ya Mietrebellen ya mwaka 2014.

Anayeishi peke yake huumizwa zaidi na tarehe. Pingamizi lazima liandikwe na limfikie mwenye nyumba angalau miezi miwili kabla ya notisi kuisha. Mzee asiyeona vizuri, au anayeogopa kufungua bahasha zenye nembo ya wakili, huweza kuipoteza haki yake huku barua ikiwa mezani. Ndiyo maana jirani anayebisha hodi na kuuliza kuna barua gani leo ana kazi kubwa. Wapo pia wanasheria wa chama cha wapangaji, Berliner Mieterverein, kilichoanzishwa mwaka 1888 na chenye wanachama zaidi ya 180,000. Mwanachama hulipa ada, na mikataba na notisi zake husomwa na mtu anayezijua.

Kwa kulinganisha, Kenya nayo ina sheria ya kumlinda mpangaji wa nyumba ya kuishi, lakini inahusu kodi isiyozidi shilingi 2,500 kwa mwezi, kiwango ambacho Nairobi ya leo imekipita mbali. Bibi aliyepanga Eastleigh au Pangani hana kifungu cha 574 cha kukimbilia.

Na hapa Berlin kifungu hicho kina upungufu. Mpangaji ambaye hakuelezwa haki yake na mwenye nyumba huruhusiwa kupinga hadi siku ya kwanza ya kesi. Nafuu hiyo ingepaswa kumfikia kila mpangaji mzee anayeishi peke yake, awe ameelezwa au hakuelezwa, na ofisi ya ustawi wa jamii itume mtu mlangoni kwake notisi inapotolewa, si siku ya kubomoa kitasa.