Naenda Mjini

Kwa mujibu wa makaratasi, bibi yangu mzaa mama anaishi mjini. Old Shinyanga ni kata ya Manispaa ya Shinyanga, ina diwani wake kama Ngokolo au Ndembezi. Lakini akijifunga kitenge cha kutokea na kuita bodaboda, ukimuuliza aendako atakujibu, "Naenda mjini."

Kabla ya kuitwa "Old", huku ndiko kulikuwa Shinyanga. Kisha ikaja reli kutoka Tabora, iliyofika Mwanza mwaka 1928. Haikupita huku. Stesheni ilijengwa mbali kidogo, mji ukakulia huko na kuchukua jina. Wenye jina wakaachiwa kivumishi cha Kiingereza, ambacho kimeganda hadi kwenye orodha ya kata.

Mji wa zamani haukufa mara moja. Miaka ya 1930 makao ya utafiti wa mbung'o Tanganyika yalikuwa hapa, chini ya Charles Swynnerton, aliyefariki kwa ajali ya ndege mwaka 1938. Vita dhidi ya mbung'o ilifyeka vichaka vingi vya Shinyanga, ardhi ikabaki wazi. Mwaka 1986 serikali ilianzisha HASHI, Hifadhi Ardhi Shinyanga, ambayo ilirudisha miti kwa kufufua ngitili, ile desturi ya Wasukuma ya kutenga malisho ya kiangazi. Bibi naye ana ngitili yake, ekari chache za miti na nyasi nyuma ya nyumba.

Ninasoma shahada ya umahiri ya mipango miji. Darasani tulisoma habari za Japani, ambako kati ya 1999 na 2010 serikali za mitaa zilipunguzwa kutoka zaidi ya 3,200 hadi takriban 1,700. Kule, mji mdogo ukiunganishwa na jiji, kuna tarehe. Watu wanajua siku mji wao ulipokoma. Niliwaonea wivu kidogo. Huku kwetu mji humezwa kiwanja kwa kiwanja, na kila kiwanja ni mazungumzo ya familia.

Mjomba anataka ngitili ipimwe iuzwe. Hana tamaa, ana ada za watoto watatu. "Mama, hapa ni manispaa," alisema likizo iliyopita. "Huwezi kufuga ng'ombe kwenye viwanja."

"Ng'ombe hajui manispaa," Bibi akajibu. Kisha akanigeukia: "Mjukuu wangu, wewe unayesoma mambo ya miji, niambie. Mji ndio unakuja kwangu, au mimi ndiye ninayeondolewa?"

Majibu ya darasani ninayo. Ardhi iliyopimwa ina hati, hati inakopesheka, penye viwanja barabara na maji hufika. Yote ni kweli. Lakini hakuna somo lililonifundisha kuweka thamani ya kivuli mwezi wa Septemba, nyasi zikiwa zimeisha kila mahali isipokuwa pale.

Tumekubaliana nusu kwa nusu. Upande wa barabarani utapimwa, upande wa bondeni utabaki ngitili. Mpima ardhi atahitaji jina la eneo. Bibi ameshamwagiza mjomba: aandike Shinyanga, basi, bila neno lolote mbele yake.