Kuna konyeza ziwani kwetu

Leo tunaandika juu ya biolojia. Msikimbie jamani, hakuna hesabu humu.

Kikundi chetu cha kujisomea kina watu wa kila upande. Wengine tumetoka Uvira, Baraka na Fizi huko Kongo, wengine Rumonge na Nyanza-Lac huko Burundi. Kuna na wadogo zetu waliozaliwa hapa hapa kambini, mkoa wa Kigoma, ambao Ziwa Tanganyika wanalisikia tu kwenye stori za wakubwa. Maabara hatuna. Tuna ubao mmoja, vitabu vichache vya Kifaransa vinavyopita mkono kwa mkono, na simu mbili tatu zinazopata chaji siku jua likiwa kali. Kila somo tunalisoma kwa Kifaransa, halafu tunaelezana kwa Kiswahili. Kwetu, kitu ukishindwa kumwelezea mwenzako kwa Kiswahili, ujue bado hujakielewa.

Mwaka huu tulifika sura ya wanyama wasio na uti wa mgongo. Ukimwambia mtu ataje mnyama, atataja ng'ombe, samaki, kuku. Lakini aina nyingi za wanyama duniani, zaidi ya tisa katika kila kumi, hazina uti wa mgongo kabisa: wadudu, minyoo, konokono, kaa, pweza na wengineo. Kundi lililotukalisha pale muda mrefu ni lile wataalamu wanaloliita nidaria. Jina lenyewe linatokana na neno la Kigiriki la mmea unaowasha, sisi tungesema kama upupu. Humo wamo konyeza, wale wanaofanana na mwavuli wa jeli unaoelea majini. Wamo matumbawe yanayojenga miamba ya baharini. Wamo na wale wanyama wanaofanana na maua, wamejishika kwenye jiwe huku mikono yao inacheza na maji. Aina zinazojulikana ni zaidi ya 10,000.

Sasa hawa wote wanafananaje, kama mmoja anaelea, mwingine ni kama jiwe na mwingine ni kama ua? Ndilo swali la mtihani, na ndivyo tulivyolijibu ubaoni.

Kwanza, mwili wao umezunguka katikati kama chapati. Ukiikata chapati kupitia katikati, kwa upande wowote, vipande viwili vinafanana. Hakuna kulia wala kushoto. Pili, wana tundu moja tu. Chakula kinaingilia hapo na mabaki yanatokea hapo hapo. (Hapa wadogo zetu walicheka mpaka somo likasimama.) Tatu, hawana moyo, hawana damu, hawana ubongo. Wana wavu wa neva uliotandazwa mwilini, na huo unawatosha kuogelea, kukamata mawindo na kukwepa hatari. Nne, na hii ndiyo alama yao kubwa, wana seli zinazochoma. Ndani ya kila seli kuna kifuko kidogo sana chenye uzi uliokunjwa. Kitu kikigusa, uzi unafyatuka. Watafiti wamepima na kukuta unafyatuka kwa muda usiofika hata sehemu moja ya milioni ya sekunde. Ukipepesa jicho tu, jambo limekwisha zamani.

Halafu wana maumbo mawili. Moja linaitwa polipu: limejishika chini, mdomo unatazama juu, linasubiri chakula kipite. Lingine linaitwa medusa: limegeuka, mdomo uko chini, linaelea na kusafiri. Wengine huishi maisha yao yote kama polipu, mfano matumbawe. Wengine hupitia maumbo yote mawili: polipu lililokaa sehemu moja linaweza kutoa medusa, nao wakaenda zao.

Katika umbo hilo rahisi kuna kila aina ya maisha. Kuna konyeza wa bahari za baridi ambaye mwavuli wake unaweza kupita mita 2 kwa upana. Kuna konyeza mwenye umbo la sanduku, ana macho 24 bila kuwa na ubongo, na jamaa yake mmoja wa bahari ya Australia anaweza kumuua mtu kwa dakika chache. Matumbawe nayo hufuga mwani mdogo ndani ya miili yao, mwani unatengeneza chakula kwa mwanga wa jua na kuwalisha. Maji yakizidi joto, wanautoa mwani huo na kubaki weupe, na hali ikiendelea wanakufa. Mwaka 1998 joto la namna hiyo liliua matumbawe mengi Bahari ya Hindi, pwani ya Kenya na Tanzania zikiwemo. Nyumba za zamani za Mji Mkongwe wa Zanzibar zimejengwa kwa mawe ya matumbawe hayo hayo. Yaani kuna watu wanalala ndani ya kuta zilizojengwa na wanyama.

Mpaka hapo kila mtu alikuwa anaandika kimya. Kazi ilianza tulipofika mstari unaosema makazi ya hawa wanyama ni baharini. Mwenzetu wa Rumonge akasema: "Lakini hawa si wapo ziwani?" Mjadala ukawaka. Wengine wakasema haiwezekani, konyeza ni wa maji ya chumvi. Wengine wakasema wamewaona utotoni, vitu vidogo kama kifuniko cha chupa, unaona maji kupitia kwao.

Tukaenda kuwauliza wazee. Baba mmoja aliyekuwa mvuvi wa ndagala alitusikiliza, akacheka kidogo, akasema hiyo si habari mpya. Alisema usiku wa kuvua kwa taa ukitazama maji vizuri unawaona wanafunga na kufungua kama mdomo wa mtoto anayenyonya. Hawamuwashi mtu. Akatuonyesha ukubwa wake kwa kidole gumba na cha shahada.

Mzee alisema kweli. Konyeza wa Ziwa Tanganyika anajulikana kwa sayansi tangu 1883, Mjerumani Richard Böhm alipomwona. Ana upana wa sentimita 2 hivi. Anaweza kuzaa kwa kuchipuza: konyeza wadogo wanaota karibu na mdomo wa mama yao kisha wanajitenga. Watafiti wamekuta pia ndani ya mwili wake bakteria wadogo sana wanaotumia mwanga kutengeneza chakula, kama mwani wa matumbawe.

Lakini kilichotushika zaidi ni ubishi alioleta. Mwingereza mmoja, J. E. S. Moore, alikuja ziwani mara mbili miaka ya 1890 kwa ajili ya viumbe hawa. Alipoona konyeza, na konokono wanaofanana na wa baharini, akasema jibu ni moja: ziwa hili zamani lilikuwa sehemu ya bahari, na hawa ni mabaki walioachwa nyuma. Mwaka 1903 akatoa kitabu kizima juu ya jambo hilo. Kwake, kiumbe kama huyu hakuweza kuwa wa pale. Lazima awe wa kwingine.

Baadaye ikaonekana sivyo. Ziwa halijawahi kuwa bahari. Ardhi ilipasuka, bonde likazama, mito na mvua vikalijaza, na kazi hiyo ilianza kama miaka milioni 9 hadi 12 iliyopita. Kina chake leo ni kama mita 1,470, la pili duniani baada ya Baikal. Konokono wale walibadilikia humo humo ziwani. Konyeza naye ana ndugu zake kwenye maji mengine yasiyo na chumvi, Afrika hii na hata India. Ukoo wake mkubwa ni wa bahari, ndiyo. Yeye ni wa ziwa.

Hatutaki kusema konyeza ni mkimbizi. Ni mnyama, ana shughuli zake. Ila mtu ambaye kila fomu inamuuliza "kwenu wapi", hawezi kusoma habari za Moore bila kutikisa kichwa.

Kuna jambo lingine, na hili ndilo lililotufanya tuandike. Kwa wengi wetu ziwa limebaki usiku mmoja tu. Usiku wa kuvuka. Mtumbwi umejaa, watoto wanazibwa midomo wasilie, injini inazimika katikati. Kuna walioondoka nasi wasifike, na humu kikundini kuna ambao walikuwa hawataji neno ziwa kabisa. Wiki ile ya konyeza, watu hao hao walikuwa wanabishana: mukeke wa kwetu ndiye mgebuka wa Kigoma au siye? (Ndiye.) Ndagala wa wapi ni watamu? Mama mmoja aliyekuja kumchukua mwanae alikaa na sisi saa nzima akieleza maji ya Baraka asubuhi, kabla upepo haujaanza. Hatukuwahi kumsikia akiongelea huko.

Usiku ule haukufutika, na hatusemi biolojia ni dawa. Lakini ziwa sasa lina na vitu vingine ndani yake.

Kwa wadogo zetu ambao hawajawahi kuliona, na kutoka kambini kunahitaji kibali, tumewachorea konyeza ubaoni kwa ukubwa wa kweli, sentimita 2, na pembeni yake sehemu zote za mtihani: mdomo, mwavuli, mikono, seli zinazochoma. Chini tumeandika makazi: bahari, na Ziwa Tanganyika.

Ninyi mnaofanya kazi na vijana, mkituuliza tunahitaji nini, leo tunajibu: vitabu vya sayansi vyenye picha, na muda wa kukaa na wazee wetu wavuvi. Wanajua mengi na hawaulizwi.

Na ninyi wenzetu wa kando ya ziwa, wa Kalemie, Uvira, Rumonge na kwingine: kwenu mlikuwa mnamwitaje huyu mnyama? Konyeza ni jina la watu wa pwani. La kwetu tunalitafuta bado. Waulizeni bibi na babu zenu, mtuletee.