Hoteli za Kakamega: Nani Alalaye Shirere?

Msafiri atokaye Kisumu kwenda Kakamega husafiri kilomita 50 hivi, na kabla hajaingia mjini huliona, pale Ilesi, lile jiwe mashuhuri ambalo watu husema kwamba linalia: mwamba mrefu uliojitwika mwamba mwingine kichwani, maji yakiuteremka mfano wa machozi. Wageni wengi hupunguza mwendo wa gari, hutoa simu dirishani, hupiga picha, kisha huenda zao. Mimi mwenyewe nimepita hapo mara nyingi mno, na sikumbuki kushuka zaidi ya mara mbili.

Safari ninayoieleza niliifanya mwezi wa Agosti 2025. Nilikuwa nakwenda Shirere, kando ya mji wa Kakamega, ambako ndiko ujombani kwangu. Mama yangu alipokuwa msichana, watu wa kwao walilima mahindi na wimbi na kwenda mjini siku ya soko tu. Leo mtu hawezi kusema kwa hakika kama mahali pale ni mji au ni shamba. Mistari ya mahindi hufika hadi ukutani mwa vyumba vya kupangisha. Ng'ombe amefungwa nyuma ya duka la kuchaji simu. Bodaboda hupita mlangoni tangu alfajiri. Na ifikapo saa tisa alasiri mvua ya Kakamega hushuka kwa kishindo, kila mtu akakimbilia baraza ya jirani bila kuuliza ni ya nani.

Mjomba wangu aliniita kwa shauri. Amebakiwa na kipande cha shamba kisichozidi nusu eka, na alikuwa amekusudia kung'oa mahindi na kujenga vyumba 12 vya kulaza wageni. Fedha angezipata benki, shilingi milioni 4, na rehani ingekuwa hati ya shamba lenyewe. Alikuwa amesikia redioni kwamba mwaka 2024 Kenya ilipata wageni kutoka nchi za nje wapatao milioni 2.4.

"Mpwa wangu," akaniambia, "katika hao wote, mimi nataka 12 tu kwa usiku. Je, ni tamaa hiyo?"

Mkaza mjomba hakusema neno. Alimimina chai, akatazama nje. Nilifahamu kuwa jambo hili lilikwisha kusemwa katika nyumba ile mara nyingi kabla sijafika. Nikaomba siku tatu nitembee na kutazama, maana kazi yangu ni ukarani, na karani hapendi kutoa jibu kabla hajaona vitabu.

Kwanza yafaa tukumbuke maana ya neno lenyewe. Kwetu, mtu akisema anakwenda hotelini, hana maana kwamba anakwenda kulala. Anakwenda kunywa chai ya maziwa na mandazi mawili, au kula ugali kwa kuku wa kienyeji na mboga ya mrenda. Pa kulala paitwa loji au gesti, na watu hupataja kwa sauti ya chini kidogo, kwa sababu ya sifa ambazo baadhi ya nyumba hizo zimejipatia. Kwa hiyo Kakamega ina hoteli nyingi sana na ina vitanda vya wageni kwa kiasi, na watu wasiojua tofauti hiyo hupiga hesabu mbaya.

Siku ya kwanza nilizunguka mjini. Hoteli ijulikanayo zaidi ni Golf Hotel. Nyumba hiyo ni mojawapo ya zile ambazo Serikali ilitia mtaji kupitia Shirika la Kustawisha Utalii, lililoundwa kwa sheria mwaka 1965, ili wageni wapate pa kufikia hata katika sehemu ambazo matajiri hawakupenda kuweka fedha zao. Dada zake ni Sunset ya Kisumu, hoteli ya Kabarnet na Mount Elgon Lodge. Lilikuwa wazo jema. Walakini mwaka 2009 hoteli hizo ziliingizwa katika orodha ya mali ambazo Serikali ilikusudia kuziuza. Basi mkulima mwenye nusu eka hana budi kujiuliza kwa nini Serikali yenyewe ilitaka kutua mzigo ule.

Sababu moja ni njia ya watalii. Mgeni atokaye Ulaya au Marekani ana siku saba au kumi, na siku hizo zimekwisha kugawanywa kabla hajapanda ndege: Nairobi, Nakuru, Maasai Mara, Amboseli, kisha pwani kupumzika. Mara ina nyumbu wavukao mto kati ya Julai na Oktoba, na hakuna mtu ambaye hajaona picha zao. Kakamega iko mbali na duara hilo, zaidi ya kilomita 350 kutoka Nairobi, nayo haina simba wala tembo wa kuonyesha.

Ina nini basi? Ina msitu. Siku ya pili nilikwenda Buyangu, upande wa kaskazini, yapata kilomita 20 kutoka mjini kwa njia ya Webuye. Msitu wa Kakamega ni masalio, katika Kenya, ya msitu ule mkubwa wa mvua ulioenea kutoka Kongo. Ulitangazwa kuwa msitu wa Serikali mwaka 1933, na sehemu ya Buyangu pamoja na Kisere ikafanywa hifadhi ya taifa mwaka 1985. Ndani yake wamo ndege wa aina zaidi ya 300, na kule Kisere yuko kima wa De Brazza mwenye ndevu nyeupe, ambaye si rahisi kumwona kwingine nchini. Kijana aliyeniongoza alizaliwa kandokando ya msitu. Alijua miti kwa jina la Kiluhya, la Kiingereza na la kitaalamu, na alinichimbia habari za mzizi wa mukombero kwa muda mrefu kuliko nilivyomwomba.

Nilimwuliza wageni wake hulala wapi. Akajibu kwamba wachache hulala humo humo msituni, katika vibanda vya hifadhi, na wengine upande wa kusini katika nyumba za Rondo, ambazo hapo kale zilikuwa makao ya mpasua mbao wa Kizungu na sasa ni mahali pa Wakristo pa mapumziko. Waliobaki hutoka Kisumu asubuhi na kurudi Kisumu jioni.

"Hao wa Kisumu ndio nawasikitikia," akasema. "Hufika saa nne. Ndege wameimba tangu saa kumi na mbili, sasa wamenyamaza. Mgeni ananilaumu mimi."

Maneno hayo nimeyafikiri sana. Vitu vya Kakamega vistahilivyo kutazamwa ni vitu vya alfajiri. Mapigano ya mafahali, ambayo hufanywa Khayega, Shinyalu na kwingineko, ni fahali kwa fahali, si mtu kwa fahali kama huko Hispania, na huanza mapema kabla jua halijawa kali. Fahali huletwa uwanjani kwa ngoma ya isukuti, watu wakikimbia mbele na nyuma yake. Isukuti ya Waisukha na Waidakho iliandikwa na UNESCO mwaka 2014 katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa kwa haraka. Nilipouliza ratiba ya mapigano, nikaambiwa nisikilize ngoma inatoka upande gani. Jibu hilo latosha kwa mtu wa Shirere, lakini mgeni aliye Nairobi hawezi kusikiliza ngoma ya Khayega. Nani atamwambia alale hapa usiku wa Ijumaa ili aone la Jumamosi? Pengo hilo ni la watu wa utalii wa kaunti na wenye hoteli kuliziba, wala halihitaji fedha nyingi. Lakini haifai mzee mmoja aweke shamba lake rehani kwa kutumaini kwamba litazibwa.

Tena Kakamega imekwisha kuona wageni wengi wakija na kuondoka. Mwaka 1931 Mmarekani mmoja, L. A. Johnson, alipata dhahabu karibu na mto Yala. Mwaka uliofuata Wazungu walimiminika kwa mamia, wakalala katika mahema na vibanda vya nyasi, na biashara za chakula na vinywaji zikachipuka mara moja. Wakati huo huo, Desemba 1932, sheria iliyokuwa imeahidi kwamba ardhi ya Waafrika haitachukuliwa bila kulipwa kwa ardhi nyingine ilibadilishwa ili machimbo yapate nafasi. Dhahabu ya juu ikaisha, mahema yakakunjwa, na mwaka 1952 mgodi mkubwa wa Rosterman, hapo kando ya mji, ukafungwa. Wenyeji bado huchimba pale kwa sururu.

Wala hatuna haja ya kwenda mbali hivyo. Mwaka 2019 wageni wa kutoka nje walikuwa zaidi ya milioni 2. Mwaka 2020, kwa sababu ya Korona, hawakufika laki 6. Machi mwaka huo shule na vyuo vikafungwa, kisha ikaja amri ya kutotoka usiku, ambayo haikuondolewa hadi Oktoba 2021. Mwenye loji mmoja aliniambia kwamba alifuga kuku ndani ya chumba namba 6.

Sasa nieleze ni nani hulala Kakamega, kwa maana wapo. Nilikwenda katika loji tatu, Jumanne usiku na tena Ijumaa usiku, nikajifanya natafuta chumba. Jumanne niliambiwa nichague nipendacho. Ijumaa, mbili zilikuwa zimejaa kabla ya saa mbili. Waliozijaza hawakuwa watalii wenye kamera. Walikuwa watu wa matanga waliotoka Nairobi na Mombasa kwa mazishi ya Jumamosi. Maafisa waliokuja kwa semina, kwa kuwa tangu mwaka 2013 Kakamega ni makao ya serikali ya kaunti. Wazazi waliokuja kuwatazama watoto wao katika Chuo Kikuu cha Masinde Muliro. Na wafanya biashara wa nguo. Kuna pia siku za shangwe, kama Desemba 2017 mechi za CECAFA zilipochezwa Bukhungu, au Oktoba 2018 sherehe za Mashujaa zilipofanyika uwanjani hapo. Siku kama hizo zina faida, lakini benki hulipwa kila mwezi.

Usiku wa tatu tukakaa mezani na kalamu. Chumba cha kawaida nilikihesabia shilingi 800. Vyumba 12 vikijaa Ijumaa na Jumamosi, hiyo ni shilingi 19,200. Siku tano zilizobaki, tukitumaini vyumba vitatu kila usiku, ni shilingi 12,000. Kwa wiki nne jumla ni shilingi 124,800. Toa mlinzi, mfagiaji, umeme, maji, sabuni, mashuka na leseni, tuliyoyaweka shilingi 60,000 bila kujipendelea. Zabaki 64,800. Na benki ilikuwa imemwandikia malipo ya shilingi 97,000 kila mwezi kwa miaka mitano.

Mjomba alizitazama hesabu zile kwa muda mrefu. Akasema nimewapunguza wageni. Nikampa kalamu awaongeze mwenyewe. Akaandika vyumba sita badala ya vitatu, kisha akafuta, kwa maana yeye ni mtu mkweli na Jumanne tulikuwa pamoja.

Ndipo mkaza mjomba aliposema. Alieleza kuwa katika miaka yote aliyokaa njiani pale, hakuna mgeni aliyepata kumwuliza chumba, lakini hakuna wiki iliyopita bila mtu kumwuliza chakula. Watu wa matanga hufika usiku wamechoka, nao hukuta hoteli zimefungwa. Akiwa na jiko zuri, mabenchi, na vyumba vinne tu nyuma, vya ng'ombe wawili na akiba ya chama chake cha akina mama, hatadaiwa na mtu.

"Na watalii?" akauliza mjomba, kwa sauti ya mtu aliyekwisha kushindwa lakini hapendi ijulikane.

"Wakija, watakula pia," akajibu mkewe.

Kesho yake asubuhi mjomba hakunisindikiza hadi stendi kama ilivyo desturi yake, nami sikumlaumu. Alikuwa shambani na fundi, wakipima kwa kamba. Mkaza mjomba alinipa kuku mmoja aliyefungwa miguu, na akanionyesha kwamba hati ya shamba imerudi katika sanduku la bati chini ya kitanda, na ufunguo anao yeye. Nilipopita tena kwenda kwenye barabara kuu nikaona vijiti walivyosimamisha. Vilikuwa vya vyumba vitano, si vinne, lakini safu nane za mahindi zilikuwa zimesalia.