Sauti Iliyoshikwa na Betri

Sauti za vinanda vya zamani siku hizi zinapakuliwa. Yamaha DX7, iliyotoka mwaka 1983, imehamia ndani ya kompyuta: mtu fulani, mbali huko, amepiga kila noti, kwa upole kisha kwa nguvu, akairekodi na kuipanga. Nabofya hapa Lushoto, ukungu ukishuka kutoka Magamba, na piano ile ya umeme inalia. Ni ileile.

Mbona basi naisikia, na bado kuna ninachokikosa?

Mpiga kinanda wa kwaya yetu hakuridhika na sauti za kiwandani. Baada ya mazoezi alibaki peke yake akigeuza tarakimu, maana ndani ya DX7 hakuna kamba wala upepo: kila noti hujengwa na mawimbi sita yanayosukumana, na kila msukumo una namba yake. Alitafuta nini? Nadhani filimbi, lakini iliyopigwa ng'ambo ya bonde, inayofika ikiwa imechoka. Jumapili alipoileta, akina mama wa sauti ya kwanza walisahau kuingia.

Hakuziandika namba zile. Aliihifadhi sauti yake katika mojawapo ya nafasi 32 za kinanda.

Kumbukumbu ya kinanda kile hushikwa na betri ndogo ya duara. Umeme ulikatika mara ngapi, nayo ikashika! Hata mwenyewe alipozikwa, iliendelea kushika. Kisha ikaisha, kama betri zote.

Betri hubadilishwa. Sauti za kiwandani hurudishwa zote; zimejaa duniani. Iliyokwenda ni ile ambayo hakuna mwingine aliyekuwa nayo.

Milima hii imeshayaona haya. Ua la Saintpaulia, lililojulikana Ulaya kutoka Usambara miaka ya 1890, leo limo katika vyungu vya madirisha ya nchi nyingi, huku misitu iliyolizaa ikizidi kukatwa. Wingi wa nakala unamfariji nani?

Rekodi ya filimbi ile haipo. Mwanakwaya mmoja anaikumbuka nyembamba. Mwingine anaapa ilitetemeka. Ni sauti moja tuliyoipoteza, au kila mmoja amepoteza yake?

Kijana anayepiga sasa anaijenga upya kwenye programu, namba kwa namba. Ananiuliza kama amekaribia. Namwambia apunguze kidogo, naye anapunguza. Lakini namwongoza kwenda wapi: kwa marehemu, au kwenye kumbukumbu yangu, ambayo nayo kila mwaka inabadilika?