Mugen: Gemu la Ngumi Lililofunguka kwa Notepad

M.U.G.E.N, au Mugen kama wachezaji wanavyoliita, ni gemu la kupigana linalokuja karibu tupu. Kundi la Elecbyte lilipolitoa mwaka 1999 kwa kompyuta za DOS, mpiganaji wake wa mfano alikuwa Kung Fu Man, anayezichapa na pacha wake. Waliobaki waliachiwa wapenzi wa gemu wawachore wenyewe, au wawanyofoe kutoka Street Fighter na The King of Fighters. Wenye mali hawakuulizwa.

Ufundi wenyewe uko kwenye mafaili. Kila mpiganaji ana folda yake: faili la SFF hubeba picha, AIR hupanga picha ipi ifuate ipi, CMD hueleza vibonye, CNS huamua nguvu ya pigo na matokeo yake. Ukiacha picha na sauti, karibu yote ni maandishi matupu yanayosomeka kwa Notepad. “D, DF, F, x” ni chini, chini-mbele, mbele, kisha kibonye cha ngumi. Sekunde moja hukatwa vipande 60, hivyo picha iliyoandikiwa 6 hukaa kiooni sehemu moja ya kumi ya sekunde. Mwili hufunikwa na visanduku vya buluu, pigo hubeba vyekundu. Chekundu kikigusa cha buluu, mtu kapigwa. Siri yote ya ngumi za kompyuta ni hiyo.

Katesh, chini ya Mlima Hanang, gemu hili lilimfikia mwandishi wa kumbukumbu hii kwa flashi, kwenye duka la steshenari lenye kompyuta mbili, moja ya kuchapa barua na nyingine nusu mbovu. Kabla ya hapo gemu lilikuwa jambo la bandani: unalipa, unashika pedi, unapigwa, unampisha mwenzio. Mugen ilileta kazi nyingine. Jioni nzima iliweza kuishia kwenye tarakimu moja ya CNS: “life = 1000”, yaani uhai wa mpiganaji, ikawa 9000, na kila aliyekutana na mpiganaji huyo akanuna. Umeme ukikatika kabla ya kuhifadhi, mtu alianza upya.

Elecbyte walipotea kwa miaka, kisha wakarudi, na toleo kamili la 1.0 likatoka mwaka 2011. Ikafuata programu nyingine, Ikemen GO, yenye msimbo ulio wazi kwa kila mtu, inayowasoma wapiganaji walewale wa zamani.

Siku hizi gemu limehamia kwenye simu. Kijana hupakua gemu ambalo mwingine ameshalibadilisha, folda zake hazioni wala hazihitaji. Kwa hili simu imerudisha mambo ya bandani, ila hakuna wa kumpisha.

Kule Katesh, mpiganaji wa Kibarbaig mwenye fimbo, aliyeanza kuchorwa kwenye daftari na kupigwa skani dukani pale, alifikisha picha kumi na nne, za kusimama na kutembea. Pigo la fimbo halikuwahi kuchorwa.