Mkaa Niliouza Shangani

Nilitembeza mkaa mbaya nikijua ni mbaya. Msimu mzima niliwauzia akina mama wanaokaanga samaki kule Shangani, Mtwara, mkaa mbadala wa maganda ya korosho ambao haukuwa umeiva, na walipokuja kulalamikia moshi nikawaambia kosa ni la majiko yao. Mengine yote nitakayoeleza ni ya kuonyesha nilifikaje hapo, wala sitarajii yanipunguzie mzigo.

Wazo lenyewe halikuwa baya. Korosho nyingi za kusini huondoka ghafi, na ganda lake, kwenda India na Vietnam. Ukibangua kilo 100 hapa nyumbani, kiini unachopata ni kilo ishirini na kitu. Maganda ni kama kilo 70. Novemba 2018, Rais Magufuli alipowagomea wanunuzi na bei zao, akaamuru serikali inunue kwa shilingi 3,300 kwa kilo na jeshi lisombe mzigo, habari za kubangua hapahapa nchini zikarudi vinywani mwa watu. Viwanda tulikuwa navyo tangu miaka ya 1970, vingine vilijengwa kwa mikopo ya Benki ya Dunia, na vingi viliishia kuwa maghala. Mimi mtaji wa kiwanda sikuwa nao. Nilichokuwa nacho ni mapipa ya mafuta yaliyotumika, mashine ya mkono ya kushindilia, na mdomo.

Mdomo ndio ulionifaa zaidi. Mbele ya wenye fedha nilikuwa nikianza na mikoko. Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma ilitangazwa mwaka 2000, lakini tangazo halipiki ugali, na mkandaa, mmoja wa mikoko hiyo, unawaka vizuri mno kuachwa na mtu mwenye njaa. Achilia mbali mikoko inayoishia kwenye matanuri ya chokaa. Kisha nahamia kwenye gesi. Hiyo ilikuwa haishindwi kuwachangamsha watu wa Mtwara. Gesi ya Mnazi Bay inasafishwa Madimba, inaingia bombani, inakwenda zaidi ya kilomita 500 hadi Dar es Salaam, na mama wa Msimbati aliyelala karibu na kisima anaamka kutafuta kuni. Watu wanatikisa vichwa. Hapo ndipo ninapotoa kitonge cha mkaa mfukoni na kusema: nishati yetu hii hapa, imelala chini ya mkorosho. Wenye fedha wakatoa malipo ya awali.

Sasa ganda. Ndani ya ganda la korosho, kati ya ngozi ya nje na ya ndani, kuna kitu kama sega la nyuki, na hilo sega limejaa mafuta mazito ya rangi ya kahawia. Kila mwanamke aliyewahi kubangua korosho kwa mkono anayajua, ndiyo maana hupaka majivu mikononi kabla ya kuanza. Mkorosho na mwembe ni wa ukoo mmoja, na aliyewahi kubabuliwa midomo na utomvu wa embe bichi ameonja kidogo tu ya ukali huo. Sehemu kubwa ya mafuta hayo ni asidi ya anakadiki. Ukiyapasha moto sana, asidi hiyo hupoteza hewa ya ukaa na kugeuka kadanoli, kitu ambacho viwanda vya nje hukitumia kutengenezea rangi, gundi ngumu za plastiki na vitambaa vya breki za magari. Kwa hiyo tunapopakia korosho ghafi melini, tunapakia na breki za watu. Lakini hilo nililisoma baadaye. Wakati ule mafuta kwangu yalikuwa kero inayoharibu mapipa.

Namna ya kufanya inafahamika. Kwanza unayakamua mafuta, au unayatoa kwa joto. Kama huna chombo cha kukamulia, basi unachoma maganda ndani ya pipa lisilopata hewa nyingi, na ule moshi mzito wa manjano unauelekeza kwa bomba urudi chini kwenye moto uteketee hapo. Unasubiri. Moshi ukipungua, ukawa mwembamba wa kibuluu, ndipo unaziba kila tundu na kuacha pipa lipoe. Ganda lililoiva ukilifinya linasagika kuwa unga mkavu. Lisiloiva linanata vidoleni.

Ya kwangu yalikuwa yananata. Nililijua hilo tangu pipa la mwanzo kabisa, kwa vidole vyangu hivi. Tatizo ni kwamba ukichoma hadi mwisho, uzito unaobaki ni kama robo ya ulichotia, ukibahatika theluthi. Ukifungua mapema unabaki na mzigo mkubwa, na mkaa mbadala tulikuwa tukiuza kwa kilo. Malipo ya awali nilikuwa nimeshayala. Nikafungua mapema, nikasaga, nikachanganya na uji wa muhogo, nikashindilia, nikaanika. Juani vitonge vilipendeza, vyeusi, vya kufanana, kiasi kwamba mtu mmoja alivipiga picha.

Ningeweza kwenda Naliendele, ambako ni mwendo mfupi tu kutoka mjini na ndiko waliko watafiti wa korosho wa taifa zima. Wakemia wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam nao wameyafanyia kazi mafuta ya ganda hilo kwa miaka mingi. Sikwenda wala sikuuliza, kwa sababu ukiuliza utajibiwa, na jibu nilikuwa nalihofia.

Malalamiko ya kwanza yaliletwa na mama mmoja mtu mzima ambaye alikuwa na meza yake ya samaki tangu mimi nikiwa shule. Nilimwamkia, akaitikia, akanipa mfuniko wa sufuria.

"Haya, mwanangu. Osha."

Chini ya mfuniko kulikuwa na matone ya kahawia yaliyoganda na kung'aa kama vanishi. Nikachukua sabuni. Nikachukua majivu, kisha mchanga na kumbi la nazi. Yeye amesimama tu, anapangusa macho kwa ncha ya khanga. Yalikuwa mekundu, na si kwa kulia. Matone hayakutoka. Watu huyapaka mafuta hayo kwenye mbao zisiliwe na mchwa, kwa hiyo sijui kwa nini nilidhani sabuni ya kipande ingeyaweza. Akaniambia samaki wanatoka wachungu, wateja wanarudisha, na mjukuu anayekaa naye pale jikoni anakohoa usiku.

Nilichopaswa kusema kilikuwa kifupi. Badala yake nikainama, nikalitazama jiko lake, nikatikisa kichwa kama fundi.

"Mama, jiko hili halivuti hewa. Mkaa wa kisasa unataka jiko lenye matundu mapana."

Akaninyamazia kidogo. Kisha akauliza linapatikana wapi, na bei yake. Nikamtajia. Wiki ile ile akalinunua, kwa fedha ambazo najua hazikuwa za kuchezea, na akaendelea kununua mkaa wangu kwa muda, akiamini kwamba ni yeye ambaye bado hajajua kuwasha. Wengine wakamfuata, maana alikuwa mtu wa kusikilizwa. Katika yote niliyofanya, hili la jiko ndilo ninaloliona kubwa. Mkaa mbichi ungeweza kuitwa ujinga au haraka. Kumfanya mwanamke aliyekaa motoni miaka yote hiyo atilie shaka macho yake mwenyewe, hilo nililifanya nikiwa na akili timamu.

Biashara ilikufa yenyewe. Hakukuwa na ugomvi. Walirudi kimya kimya kwenye mkaa wa mkandaa na wa miti ya bara, mmoja mmoja, na mimi nikasingizia mvua. Waliotoa malipo ya awali niliwarudishia baadhi. Yule mama nilimpelekea fedha za jiko muda mrefu baadaye, nikiwa nimemweleza ukweli wote. Alizipokea, akazihesabu mbele yangu, akasema zimepungua kwa sababu bei ya vitu imepanda. Nikaongeza.

Mwaka 2024, agizo la serikali la kuzitaka taasisi zinazolisha zaidi ya watu 100 ziache kuni na mkaa wa miti lilipoanza kuzungumzwa kila mahali, ukaja na mkakati wa kufikisha asilimia 80 ya Watanzania kwenye nishati safi ya kupikia ifikapo 2034, mkaa mbadala ukapata jina upya. Kijana mmoja wa Mikindani akaanza kutengeneza wa vifuu vya nazi. Nimeushika mkaa wake. Umeiva, hauna moshi, unakaa na moto. Alipoupeleka Shangani hakuuza hata kilo. Wanawake walimwambia huo wanaujua, walishauziwa, akawauzie wengine.

Akaja kwangu, kwa kuwa alisikia niliwahi kuifanya kazi hiyo, akaniuliza: "Kaka, kwani pale kulitokea nini?"

Nikamjibu kwamba kuna mtu aliwahi kupita pale na mkaa ambao haukuiva. Akataka kumjua ni nani, angalau ajue jina la kujitenga nalo. Nikamwambia simkumbuki.