KUTUNGA MUZIKI WA FILIMU: NAYO NI KAZI?



Wengi kati yetu tunapenda muziki. Lakini tukisema nyumbani kwamba tunataka uwe kazi yetu, wazazi wanauliza: "Hiyo nayo ni kazi? Mtakula nini?" Swali hilo iko na maana, hapana ya kucheka. Basi tutazame maisha ya mtu mmoja, Ennio Morricone wa Italia, aliyetungia sinema na televizyo zaidi ya mara 400.

Alizaliwa Roma mwaka 1928. Baba yake alikuwa mpiga tarumbeta, na alipougua, kijana alipiga mahali pake ili nyumba ipate kula. Tena alisoma. Katika shule kubwa ya muziki ya Santa Cecilia alipata diploma ya tarumbeta mwaka 1946, na ya utungaji mwaka 1954. Miaka yote hiyo, na watu walikuwa hawajamjua bado!

Mwaka 1964 Sergio Leone, waliyesoma naye darasa moja utotoni, alimwita kwa filimu ya cowboy. Feza zilikuwa kidogo, orkestra kubwa haikuwezekana. Morricone akatumia mluzi wa mtu, gitare, kengele na mlio wa mjeledi. Ule umaskini ndio ulizaa sauti ambayo dunia nzima ikaijua.

Sasa, kazi yenyewe inakwenda namna gani? Mara nyingi mtungaji anatazama picha kwanza, anahesabu sekunde. Picha ikikatwa, muziki nao sharti uwe tayari. Mwigizaji akisema, muziki unashuka chini, juu maneno yasikiwe. Morricone aliandika mezani kwa kalamu, bila kinanda, na kila chombo cha orkestra alikiandikia mwenyewe. Kumbe sikio peke yake halitoshi!

Kwa televizyo alitunga muziki wa maisha ya Musa, mwaka 1974. Mwaka 1986 ikatoka The Mission, filimu ya mapadri Wayezuiti kati ya Waguarani wa Amerika ya Kusini. Humo padri anafika porini, hajui lugha ya wenyeji, anapiga oboe yake, nao wanasikiliza.

Muziki ule haukupata Oscar. Alipewa Oscar ya heshima mwaka 2007, na ya shindano mwaka 2016, akiwa na miaka 87. Alikufa mwaka 2020.

Basi wazazi tuwajibu hivi: ndiyo, ni kazi, na mtu alilisha watoto wake nayo. Lakini sisi wenyewe tujiulize: nani kati yetu anayekubali kujifunza nota miaka minane, halafu kutunga muziki ambao watu watausikia huku macho yao yakiwa kwa picha ya mwingine? Anayekubali, aanze leo. Asiyekubali, aimbe tu kwa furaha. Hiyo nayo ni nzuri.